Dallas Alikwenda Wapi? Kulinganisha Matoleo ya Filamu ya Alien, Pamoja na Lile Tulilolitazama Butere

Makala haya yalizaliwa na swali lililonitia aibu. Nilikuwa nimewasilisha pendekezo la tasnifu ya uzamili kuhusu uhusiano uliopo baina ya masimulizi ya mazimwi na filamu za kutisha za kisayansi. Msimamizi wangu alisoma kurasa tatu za mwanzo, akaweka kalamu mezani, akauliza: “Unaizungumzia Alien ipi?” Nilimjibu kwa ujasiri wa asiyejua kwamba ni ile ya Ridley Scott ya mwaka wa 1979. “Basi mbona umechambua tukio ambalo hadhira ya 1979 haikuliona?” Pendekezo langu lilirudi mikononi mwangu siku hiyo hiyo, na duara jekundu limezungushwa jina la mhusika mmoja: Dallas.

Ukweli ni kwamba filamu ya Alien ipo katika matoleo mawili yanayotambuliwa rasmi. La kwanza lilianza kuonyeshwa katika kumbi za Marekani tarehe 25 Mei 1979, nalo huchukua takriban dakika 117. La pili lilitolewa mwaka wa 2003 likiitwa Toleo la Mwelekezi, na huchukua takriban dakika 116. Msomaji atastaajabu kuona kwamba toleo lililorudishiwa matukio yaliyokatwa ni fupi kuliko lile lililokatwa. Sababu ni kwamba Scott alirudisha takriban dakika nne za picha zilizoachwa, kisha akapunguza takriban dakika tano kwa kudokoa hapa na pale ili mwendo wa filamu usilegee. Kwa hiyo hatuna toleo dogo na toleo kubwa, la pili likiwa limelibeba la kwanza tumboni. Tuna kazi mbili zilizoshonwa kwa vitambaa vilivyotoka katika jora moja.

Kwetu sisi wanafunzi wa Kiswahili, suala la matoleo si geni. Yeyote aliyewahi kulinganisha nakala za tenzi anajua kwamba wanakili waliongeza, walipunguza na walihamisha beti, na kwamba wahariri wa Al-Inkishafi hawakubaliani katika kila jambo kuhusu mpangilio wake. Katika riwaya, Ngũgĩ wa Thiong’o aliirudia A Grain of Wheat ya 1967 na kuitoa upya mwaka wa 1986 ikiwa imebadilishwa mahali kadhaa muhimu. Hata hivyo, nahisi kwamba tumejijengea mazoea ambayo hatuyahoji: tukikuta nakala mbili, tunaipendelea ile yenye beti nyingi, na kuiita “kamili”. Nami niliichukua Alien kwa mazoea hayo hayo. Nilipata sidii ya toleo la 2003, nikaona ina tukio ambalo wengine hawana, nikadhani nimeipata filamu yenyewe.

Kwa faida ya wasioitazama, kisa ni hiki. Chombo cha mizigo kiitwacho Nostromo kinarejea Duniani kikiwa na wahudumu saba na paka mmoja. Kinapokea ishara kutoka katika ulimwengu mdogo usiojulikana, kinatua, na mhudumu mmoja, Kane, anavamiwa na kiumbe kinachomng’ang’ania usoni. Kiumbe hicho kinatia ndani yake mbegu ambayo baadaye inapasua kifua chake wakati wenzake wanakula. Kutoka hapo zimwi linakua na kuwamaliza mmoja baada ya mwingine, hadi anabaki mwanamke aitwaye Ripley, pamoja na paka. Inabainika pia kwamba Ash, tuliyemdhani mtu, ni roboti, na kwamba kampuni iliyowaajiri imeagiza zimwi liletwe hai hata kama wahudumu watakufa. Wahenga walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Wahudumu wa Nostromo wamekutana na zimwi lisilowajua, na kampuni inayowajua vizuri mno.

Sasa tuje kwa Dallas, nahodha. Katikati ya filamu anajitosa peke yake katika mifereji ya hewa ya chombo, mkononi ana mtambo wa kurusha moto, akikusudia kulisukuma zimwi kuelekea mlango wa nje. Lambert anafuatilia mwendo wao kwenye kioo cha mtambo. Anaona alama moja ikiikaribia nyingine. Anamlilia Dallas atoke. Dallas anageuka, tunaona mikono imenyoshwa kuelekea kwetu, kisha sauti inakatika. Wenzake wanapokwenda kumtafuta wanaukuta mtambo wake tu. Hakuna damu wala mwili.

Katika toleo la 1979 habari ya Dallas inaishia hapo, na hatuonyeshwi tena lolote juu ya hatima yake; Ripley anamtaja tu miongoni mwa waliokufa katika taarifa yake ya mwisho. Nahodha, yaani mhusika ambaye mtazamaji wa wakati huo alitarajia ndiye shujaa, anaondolewa katika masimulizi bila mazishi na bila ushahidi. Ninashikilia kwamba hilo ndilo pengo lenye kazi kubwa kuliko mapengo yote ya filamu hii. Taharuki, kama tunavyoifundisha, hutegemea mtazamaji kungoja jibu. Hapa jibu linazuiliwa, kisha filamu inamalizika likiwa bado limezuiliwa. Mtazamaji anatoka ukumbini akiwa na swali: amekufa kweli, au yuko mahali fulani ndani ya giza lile?

Toleo la 2003 linajibu. Baada ya kuikuta miili ya Parker na Lambert, Ripley anateremka mahali penye giza na kumkuta Dallas akiwa hai, amegandishwa ukutani kwa utando kama mdudu aliyenaswa na buibui. Karibu naye yumo Brett, au kilichosalia cha Brett, akigeuka kuwa yai. Dallas anaomba auawe. Ripley analia, kisha anawateketeza kwa moto.

Nilipoliona tukio hili mara ya kwanza niliduwaa, na bado nakiri kwamba lina uzito wake. Linampa Ripley mzigo wa kimaadili ambao toleo la kwanza halimpi: mkono wake mwenyewe unamuua mkubwa wake kwa huruma. Mchambuzi wa maudhui angelipenda sana, kwa kuwa utu na ukatili vinakutana katika kitendo kimoja. Mimi nililijazia kurasa sita.

Lakini tazama gharama yake. Kwanza, linasimamisha mbio. Wakati huo Ripley yuko peke yake, na kila kitu katika filamu kinamsukuma kutoka. Scott mwenyewe alilitoa mwaka wa 1979 kwa sababu hiyo, yaani lilikuwa likipunguza kasi pale ambapo kasi ilihitajika zaidi. Pili, linaeleza mengi mno. Linatuambia zimwi linawafanyia nini watu inaowachukua, na linatuambia mayai yanatoka wapi: mwili wa binadamu mmoja unageuzwa yai, yai linamvamia mwingine, na duara linakamilika. Mtazamaji anayelijua zimwi kiasi hicho ameanza kulizoea. Tatu, na hili ni la kuchekesha kidogo, linagombana na filamu iliyofuata. Mwaka wa 1986 James Cameron alitengeneza Aliens, ambamo mayai yanatagwa na malkia mkubwa. Tukio la Dallas lilikuwa limekatwa, hivyo Cameron alikuwa huru kubuni uzazi wa namna yake. Liliporudishwa mwaka wa 2003, nasaba ya zimwi ikawa na wazee wawili wasiokubaliana. Wasomaji wa riwaya ambayo Alan Dean Foster aliitoa mwaka wa 1979 kutokana na mswada wa filamu walikuwa tayari wamekutana na kifo hiki cha Dallas, kwa hiyo tangu mwanzo kulikuwa na hadhira mbili zilizojua mambo tofauti juu ya mhusika mmoja.

Nisieleweke kwamba nyongeza zote za 2003 ni hasara. Kuna kofi moja ambalo nisingependa lipotee. Kane anapoletwa na kiumbe usoni, Ripley anakataa kufungua mlango, kwa kuwa sheria inataka wagonjwa watengwe kwa saa ishirini na nne. Ash anaufungua. Katika toleo la kwanza jambo hili linapita bila ugomvi mkubwa, na mtazamaji huenda asikumbuke kwamba Ripley alikuwa sahihi. Katika toleo la pili, Lambert anapokutana na Ripley baadaye anamzaba kofi. Kofi hilo huchukua sekunde chache tu, lakini linamjenga Lambert, ambaye kwingineko ni mtu wa kulia tu, na linaonyesha kwamba utiifu kwa sheria una bei yake miongoni mwa wenzako. Hakuna linachokieleza kuhusu zimwi. Linaeleza watu, na huko ndiko maelezo yanakohitajika.

Kwa upande mwingine, toleo la pili limerudisha picha fupi inayomwonyesha Brett akimtafuta paka huku zimwi likining’inia juu yake kati ya minyororo. Toleo la kwanza linatuonyesha minyororo na maji yanayodondoka, basi. Hapa inafaa kumtaja aliyevaa ngozi ya zimwi katika sehemu kubwa ya filamu: Bolaji Badejo, Mnigeria aliyezaliwa Lagos mwaka wa 1953, mwanafunzi wa usanifu jijini London, mwenye kimo cha zaidi ya mita mbili. Hakuigiza filamu nyingine kabla yake wala baada yake, na alifariki mwaka wa 1992. Mwafrika huyu mrefu ndiye aliyeitisha dunia nzima, na sanaa ya mhariri ilikuwa kuhakikisha kwamba tunamwona kidogo iwezekanavyo.

Kuhusu jina “Toleo la Mwelekezi”, tahadhari inahitajika. Jina hilo linatufanya tuamini kwamba toleo la awali liliharibiwa na wengine na sasa mwenye kazi amerudishiwa haki yake. Hivyo ndivyo ilivyokuwa kwa Blade Runner ya Scott huyo huyo, iliyotolewa mwaka wa 1982 ikiwa na sauti ya msimulizi na mwisho wa furaha, mambo yaliyoondolewa katika toleo la 1992. Kwa Alien sivyo. Scott alieleza wazi kwamba aliridhika na toleo la 1979, na kwamba la 2003 ni toleo mbadala lililopewa jina la kibiashara. Kwa maneno mengine, aliyeficha hatima ya Dallas ni mwelekezi mwenyewe, kwa hiari yake, akijua anachokifanya.

Wala urefu peke yake si kosa. Aliens ya 1986 ilionyeshwa kwa dakika 137, na toleo lake maalumu la baadaye lina dakika 154. Humo tunaelezwa kwamba Ripley alilala angani kwa miaka 57, na kwamba binti aliyemwahidi kurudi kabla ya kutimiza miaka kumi na mmoja amekwisha kufa akiwa mzee wa miaka 66. Bila habari hiyo, mapenzi ya Ripley kwa mtoto Newt yanaonekana kama wema wa kawaida. Ukiijua, unaona mama aliyechelewa. Hapo naungana na toleo refu bila kusita.

Nimesema matoleo ni mawili. Kwa kweli mimi nilianza na la tatu.

Nililelewa Butere, mwisho wa reli itokayo Kisumu, nchi ya Abamarama. Nilipokuwa na umri wa miaka kumi hivi, karibu mwaka wa 2008, palikuwa na kibanda cha video nyuma ya soko, cha mabati, chenye mabenchi na pazia la gunia, na jenereta iliyonguruma kuliko televisheni. Kiingilio kilikuwa shilingi kumi. Filamu tulizopenda ni zile zilizotiwa sauti ya msimulizi wa Kiswahili juu ya sauti za waigizaji. Sanaa hii ina mabingwa wake katika eneo letu lote: DJ Afro huku Kenya, Lufufu aliyevuma Tanzania, na VJ Jingo kule Uganda anayetumia Kiganda. Wamezoea kudharauliwa kama wachekeshaji. Kwa maoni yangu ni watambaji halisi: wanafaragua, wanawapa wahusika majina ya mtaani, wanaihoji hadhira, wanaruka wanachokiona hakina ladha.

Nakala ya Alien tuliyoitazama ilikuwa na msimulizi ambaye sikupata kulijua jina lake. Dallas alipopotea, msimulizi hakuvumilia ule ukimya. Alituambia: amemezwa, lakini yungali hai tumboni, ngojeni. Kibanda kizima kikatulia. Sote tulijua maana ya maneno hayo. Katika hadithi za Kiluhya zimwi huitwa linani, na kisa cha linani lililomeza kijiji kina mwisho unaojulikana: mtoto aliyesalia analishinda, kidole chake kinakatwa, na watu na ng’ombe wanatoka humo wakiwa hai. Kwa hiyo tulingoja. Ripley aliposukumia zimwi nje ya chombo kwenye giza la anga, watoto walipiga kelele kwamba hajalikata kidole. Rafiki yangu mmoja aliondoka akilia, akisema Dallas ametupwa nje pamoja nalo. Tulibishana njiani hadi usiku, miongoni mwa matrekta ya miwa.

Tazama yaliyotendeka. Pengo moja limejazwa mara mbili kwa njia mbili: mwaka wa 2003 kwa picha zilizokuwa kabatini, na huko Butere kwa mdomo wa mtambaji aliyechota katika ghala la fasihi simulizi. Toleo la kibandani ndilo pekee lililotuahidi kwamba Dallas atarudi. Kwa kuahidi hivyo, liliugeuza mwisho wa ushindi kuwa msiba, jambo ambalo Scott hakulifanya katika toleo lolote kati ya mawili yake.

Likizo iliyofuata kurudishwa kwa pendekezo langu nilimwendea Kukhu, bibi yangu, nikamwomba anitambie tena kisa cha linani. Aliponitambia niligundua kwamba katika toleo lake wanatoka wote ila mtu mmoja, na kwamba shangazi yangu humtoa pia huyo wa mwisho. Nikamuuliza, “Kukhu, huyo mmoja alikwenda wapi?” Akanijibu, “Mjukuu wangu, kama ningejua si ningekwambia?” Kisha akageukia chungu chake. Nadhani alijua. Nilimsikia akimtambia mtoto mwingine mdogo zaidi jioni iliyofuata, na safari hiyo walitoka wote.

Hapa ndipo tunapoweza kutofautisha mkasi na mkasi. Kukhu anakata akiwa mbele ya hadhira yake, kwa kupima umri na usiku. Scott alikata akiwa chumbani na mhariri wake, Terry Rawlings, kwa kupima kasi. Lakini upo mkasi mwingine, na kwetu Butere hauhitaji kuelezwa kwa mifano ya mbali. Mwaka wa 2013 mchezo Shackles of Doom, ulioandikwa na Cleophas Malala na kuigizwa na Shule ya Upili ya Wasichana ya Butere, ulizuiwa kuonyeshwa katika tamasha la kitaifa la drama, hadi Mahakama Kuu ilipoondoa marufuku hiyo. Mwaka wa 2025 shule hiyo ilirudi na Echoes of War ya mwandishi huyo huyo. Mahakama Kuu iliamuru tena waruhusiwe. Tarehe 10 Aprili 2025, huko Nakuru, wasichana walipanda jukwaani, wakakuta hakuna hadhira ya kuwatazama wala mwelekezi wao, wakaimba wimbo wa taifa, wakaondoka. Nje polisi walikuwa wakirusha gesi ya kutoa machozi. Ukiitazama kama mwanafunzi wa matoleo, asubuhi ile nayo ilitupa toleo la Echoes of War: toleo ambalo maneno yote ya mwandishi yamekatwa na kubaki wimbo mmoja ambao si wake.

Mwelekezi Wanuri Kahiu, aliyetupa filamu fupi ya kisayansi Pumzi mwaka wa 2009, alikutana na mkasi wa aina hiyo mwaka wa 2018, Rafiki ilipopigwa marufuku. Alieleza kwamba bodi ya filamu ilitaka mwisho ubadilishwe, naye akakataa. Hatuna toleo la pili la Rafiki la kulilinganisha na la kwanza, na kukosekana kwake ni habari kamili.

Kwa sababu hizo nimeliandika upya pendekezo langu. Sasa kila ninapotaja tukio ninataja na toleo, kama tunavyofanya kwa tenzi, na kila ninapokuta pengo ninauliza kwanza nani aliliacha kabla ya kutafuta la kulijazia. Ningependa wenzangu wanaochambua Walenisi ya Katama Mkangi au Bina-Adamu! ya Kyallo Wadi Wamitila, kazi ambazo nazo zinatupeleka katika nchi zisizokuwepo, wayaangalie mapengo yake kwa jicho hilo. Yamejazwa haraka mno katika miongozo ya wanafunzi.

Desemba iliyopita nilimtafuta yule rafiki aliyelia. Siku hizi anaendesha bodaboda na ana watoto wawili. Tuliketi kwake, nikamwonyesha katika tarakilishi yangu tukio la Dallas ukutani. Alitazama hadi moto ulipozimika, asiseme neno.

“Kumbe alikuwa hai kweli,” akasema hatimaye. “Yule msimulizi hakutudanganya sana. Na hii, ndugu yangu, alituficha nani?”

“Mwenye filamu mwenyewe.”

Akafikiri kidogo. “Basi irudishe ile ya kwanza,” akasema, “tuitazame kabla watoto hawajalala.” Kisha akaghairi, akawaita mama yao awapeleke ndani kwanza.